Kompleksi namba zichorwe kwanza, kalkuleta ingoje

Kwa Mhariri,

Naomba nafasi kidogo kwa gazeti lako. Najua barua nyingi zinazokufikia ni za siasa na barabara na bei ya unga, hii yangu ni ya hesabu na nimeiandika juu jambo lenyewe limenikaa rohoni tangu wiki jana. Mimi nafundisha hesabu kwa wanafunzi wa stima katika chuo kimoja cha ufundi hapa Kisumu. Wiki jana nilikuwa nasahihisha mtihani, swali la pili lilikuwa rahisi kabisa, niliwapa kompleksi namba −3 + 4i, yaani namba ya sehemu mbili, ile ya kwanza hupimwa kwa mstari wa kulala na ile yenye i kwa mstari wa kusimama, nikawaambia watafute urefu wake kutoka sifuri na pembe yake. Urefu karibu wote walipata, ni 5, hiyo ni Pythagoras tu ya 3, 4, 5 wanaijua tangu shule ya msingi. Pembe ndiyo ilinivunja moyo. Karatasi baada ya karatasi jibu ni lile lile, −53.13°, wamechukua 4 wakagawanya kwa −3 wakabonyeza kalkuleta, ikawapa hiyo wakaandika, wakapiga mistari miwili chini na rula, yaani wameridhika kabisa.

Sasa Mhariri chukua kalamu hapo ulipo. Chora msalaba, mstari mmoja wa kulala na mmoja wa kusimama. Kutoka katikati enda kushoto hatua tatu, panda juu hatua nne, weka nukta. Hiyo nukta iko juu upande wa kushoto, si ndiyo? Na −53° iko wapi, iko chini upande wa kulia. Mwanafunzi ameelekeza mshale kule kinyume kabisa, ni kama mtu ametumwa Busia kutoka hapa Kisumu akaenda steji akapanda gari ya Kericho. Na kalkuleta haikukosea, wao waliipa jibu la kugawanya peke yake, na 4 ukiigawanya kwa −3 unapata sawa tu na −4 ukiigawanya kwa 3, sasa kalkuleta itajuaje ni nukta gani ulikuwa unamaanisha? Haina macho. Ulitakiwa uongeze 180° upate 126.87°, na huwezi kujua kwamba unatakiwa kuongeza kama hujaona nukta imekaa wapi.

Kulikuwa na binti mmoja ambaye pembeni mwa karatasi alikuwa amechora kamsalaba kadogo, hata hakutumia rula, na nukta moja, na kamshale. Akaandika 126.87°. Nilipowarudishia karatasi nilimuuliza alijuaje, akaniambia, "Mwalimu, niliangalia kwanza iko wapi." Basi. Hakuna siri ingine.

Hawa wengine siwalaumu. Wamefundishwa hivyo na mimi pia nilifundishwa hivyo, na chuo nilichosomea sitakitaja. Mwalimu wetu aliingia akaandika ubaoni i² = −1 akasema hii ni namba ya kuwaza tu, haipo, msiulize ilitoka wapi, krameni fomula mtapita. Tukakrami. Kijana mmoja aliinua mkono akauliza kama haipo tunaisoma ya nini, akaambiwa akae chini. Mtihani ulipokuja nilianguka hiyo pepa nikairudia mwaka uliofuata, na wenzangu wawili waliacha kozi kabisa wakarudi nyumbani, mmoja wao alikuwa na mikono ya ajabu kwa waya kutushinda sisi wote. Huyo ndiye nikimkumbuka naumia hadi leo, manake alikosa kazi ya maisha yake kwa sababu ya neno moja, "haipo".

Na hilo neno linaanza mapema, huko sekondari. Mpe mwanafunzi x² − 10x + 40 = 0. Ataweka kwa fomula, ndani ya mzizi atapata 100 toa 160, ambayo ni −60, ataandika "hakuna jibu" na atapewa maki zake. Akichora grafu ataona U inaning'inia juu ya mstari bila kuugusa, shingo yake ya chini iko kwa 5, na imeachana na mstari kwa vipimo 15. Tunamwambia unaona, haigusi, kwa hivyo hakuna. Lakini hesabu hii ni ya zamani sana, Mwitaliano Cardano aliiweka kwa kitabu chake mwaka 1545, aliuliza, gawanya 10 vipande viwili ambavyo ukizidisha unapata 40. Akaandika vipande vyenyewe, 5 jumlisha mzizi wa −15, na 5 toa mzizi wa −15, akazidisha akapata 25 jumlisha 15, ikawa 40 barabara. Halafu yeye mwenyewe akasema ni kitu cha werevu mwingi na hakina faida. Alikuwa ameshika jibu mkononi ila hakuwa na pahali pa kuliweka.

Pahali penyewe ni karatasi. Ile 5 ipime kwa mstari wa kulala, na mzizi wa 15, ambao ni kama 3.87, upime juu kwa jibu moja na chini kwa lile lingine. Unapata nukta mbili, moja juu ya mstari na ingine chini yake, zinatazamana kama mashua kule Dunga asubuhi ziwa likiwa limetulia, mashua juu na kivuli chake chini kwa maji. Na angalia vizuri, ile 5 ni ile ile ya shingo ya U, na 15 iliyo ndani ya mzizi ni kile kipimo ambacho U iliachana na mstari. Majibu yapo! Yako kando tu ya mstari tuliokuwa tunautazama. Mimi nilipoona hiyo mara ya kwanza nilikuwa mtu mzima tayari na nilikasirika kwamba hakuna mtu aliwahi kunionyesha.

Kwa wale ambao hii hesabu iliwapita kabisa naomba niwapeleke Maseno. Pale kwa barabara ya Kisumu kwenda Busia kuna alama ya ikweta, watu hushuka wapige picha. Simama hapo ufikirie ikweta ndiyo mstari wa namba, hapo ulipo ni sifuri. Mashariki, upande wa milima ya Nandi, ni 1, 2, 3. Magharibi kuelekea Siaya ni −1, −2, −3. Ukiwa unatazama Nandi mtu akikwambia zidisha kwa −1, maana yake ni geuka nyuma utazame Siaya, hiyo hata mtoto anakubali. Sasa swali ni hili, kuna kitu gani ambacho ukikifanya mara mbili kinakuwa sawa na kugeuka nyuma? Si ni kugeuka robo! Unatazama Nandi, unageuka robo kwa mkono wa kushoto unatazama kaskazini, upande wa Kakamega, unageuka robo ingine unatazama Siaya. Robo mara mbili ni nyuma. Hiyo robo ndiyo i, ndiyo maana i mara i ni −1, na hakuna uchawi wowote ndani yake. Shida ya wazee wa zamani ilikuwa wanatafuta mzizi wa −1 mbele na nyuma kwa ikweta tu, wakati yenyewe imesimama huko upande wa Kakamega.

Na waliitafuta muda mrefu. Descartes, Mfaransa, mwaka 1637 ndiye aliziita namba za kuwaza, na jina likaganda. Kutoka kitabu cha Cardano ilichukua zaidi ya miaka 250 kabla mtu kuzichora vizuri, na aliyezichora hakuwa profesa, alikuwa savea. Jina lake Caspar Wessel, mtu wa Norwe aliyekuwa akipima ardhi Denmark. Karatasi yake ilisomwa mbele ya wasomi wa huko mwaka 1797, ikapigwa chapa 1799 kwa Kidenmaki, halafu wanahesabu wakaisahau karibu miaka mia moja. Sishangai kwamba alikuwa savea. Hapa kwetu kila mtu aliye na shamba anamjua savea na bikoni zake, zile alama za mipaka, kazi yake kutwa ni umbali na mwelekeo, kutoka bikoni hii enda mita kadhaa, pembe kadhaa, weka ingine. Kwa mtu kama huyo namba yenye urefu na mwelekeo si kioja, ni kazi ya kila siku. Mwaka 1806 kule Paris mtu mmoja aitwaye Argand akatoa kijitabu chenye wazo hilo hilo bila hata kuweka jina lake, na leo mchoro wenyewe unaitwa wa Argand. Halafu mwaka 1831 Gauss, mwanahesabu mkubwa wa Ujerumani ambaye hakuna mtu angembishia, akauunga mkono mbele ya watu. Na alisema jambo ambalo natamani libandikwe kwa ukuta wa kila darasa, kwamba shida yote ilikuwa ni majina, zingeitwa namba za mbele, za nyuma na za kando, hilo giza lote lisingekuwepo. Namba za kando! Kwa Kiswahili linakaa vizuri kabisa, mimi darasani nimeanza kulitumia na naona sura za wanafunzi zinafunguka.

Lakini mimi sikufunguliwa na Gauss. Nilifunguliwa na mzee mmoja wa kusuka koili za mota karibu na soko la Kibuye, nilikuwa kwake kwa atachmenti, yaani mafunzo ya kazini, ule mwaka nilioanguka pepa. Nilikuwa najua stima ya kawaida ni volti 240 na ya thri fezi, ile ya waya tatu, ni 415, nilikuwa nimekrami zote mbili. Siku moja kazi ilikuwa imelala nikamuuliza, Mzee, kwa nini 415? Kama ni waya mbili za 240 mbona isiwe 480? Akaniambia, "Omera, leta chaki." Akachukua uzi, akaupima sentimita 24, akamwambia kijana mwingine akanyage ncha moja kwa kidole katikati ya sakafu ya simiti, akazungusha chaki akapata duara. Halafu na uzi ule ule akaanza kupima kwa ukingo wa duara, hatua kwa hatua, ukaingia mara sita kamili ukarudi pale ulipoanzia. Akaruka alama moja moja akabaki na tatu. Akachora mishale mitatu kutoka katikati, akasema hii nyekundu, hii njano, hii bluu. Akanipa tepu. "Pima kutoka ncha ya nyekundu hadi ncha ya njano." Nikapiga magoti nikapima, ilikuwa sentimita 41 na nusu na nywele kidogo. Akaniangalia tu. 240 ni urefu wa mshale, 415 ni umbali wa ncha hadi ncha, na ilikuwa pale chini kwa chaki.

Hakuishia hapo. Alifuta, akachora mishale ile ile tena lakini kwa kufuatanisha, mkia wa wa pili kwa ncha ya wa kwanza, na wa tatu kwa ncha ya wa pili. Ikawa pembetatu, ncha ya mwisho ikarudi pale pale tulipoanzia. Akasema ndiyo maana mzigo ukiwa sawa kwa fezi zote tatu nyutro, ule waya wa kurudisha stima, haibebi kitu, umetembea umerudi nyumbani.

Usiku ule nilifungua lile karatasi la mtihani nililoanguka. Swali lenyewe lilisema tafuta majibu yote ya z³ = 1. Majibu yake ni 1, na −0.5 + 0.866i, na −0.5 − 0.866i. Nikayaweka kwa karatasi ya grafu, nukta moja, mbili, tatu, na nikaona ni mishale ya mzee. Ni ile ile! Nyekundu, njano na bluu, zimeachana 120°, na ukizijumlisha 1 toa nusu toa nusu ni sifuri, zile 0.866 zinakulana. Mzee hajawahi kusikia z³ = 1 maishani mwake na mimi nilikuwa nimekrami fomula ya De Moivre, ile ya kutafuta vipeo na mizizi ya hizi namba kwa pembe, bila kujua inachora nini. Kati yetu wawili yeye ndiye aliyekuwa anazijua kompleksi namba.

Kwa hivyo mtu akiniambia hizi ni namba za vitabuni tu simkubali hata kidogo. Chukua koili yoyote, ya mota au ya mashine ya kuchomelea, iwe na ukinzani wa waya omu 30 na ule wa koili yenyewe, ambao ni wa kando, omu 40. Mwanafunzi ambaye hachori atajumlisha apate 70, agawanye 240 kwa 70, aseme ni ampea 3.4. Anayechora ataenda kulia 30, apande juu 40, apime na rula kutoka sifuri, ni 50, ampea ni 4.8. Hiyo tofauti ndiyo waya kupata moto na fyuzi kuruka. Na pembe ile ya 53° inamwonyesha mkondo unachelewa nyuma ya volti kiasi gani, na kwa nini kiwanda kinaweza kulipia nguvu ambayo haikuzungusha kitu. (Sisi wa stima tunaandika j mahali pa i, juu i tayari ni mkondo, lakini ni robo ile ile ya Maseno.)

Sasa ombi langu. Walimu wenzangu wa vyuo vya ufundi, kipindi cha kwanza cha kompleksi namba kisiwe na kalkuleta wala fomula, kiwe na karatasi ya grafu, rula na protrekta peke yake. Mtoto aweke nukta ishirini kwa mkono wake. Ajumlishe mbili kwa kufuatanisha mishale. Achukue 3 + 2i aizidishe kwa i, apate −2 + 3i, aone imegeuka robo na urefu wake haujabadilika. Achukue 2 + i na 1 + 3i azizidishe, apate −1 + 7i, halafu apime pembe zote tatu na protrekta, karibu 26 na nusu, karibu 71 na nusu, na ile ya jibu karibu 98, ajionee mwenyewe kwamba pembe zinajumlishwa, na akijaribu urefu aone zile zinazidishwa. Akishaona hivyo kwa macho yake De Moivre haitakuwa ya kukrami tena, ataikuta amefika nayo.

Na wale wanaopanga silabasi nawaomba waangalie, mtoto wa sekondari tayari anafundishwa kuzungusha nukta robo, anajua kwamba nukta (a, b) ikizungushwa robo kinyume cha saa inakuwa (−b, a). Hiyo ni kuzidisha kwa i, neno kwa neno! Amepewa mlango na hatujamwambia ni wa nyumba gani. Kipindi kimoja tu kiwekwe hapo, kimoja, aambiwe ukitaka unaweza kuandika nukta hii a + bi. Halafu yule atakayekutana na x² − 10x + 40 baadaye asiambiwe hakuna jibu, aambiwe hakuna jibu kwa mstari huu.

Najua kuna mwalimu atasema muda hautoshi, silabasi ni ndefu na wanafunzi ni wengi. Namwelewa, mimi pia nina darasa lililojaa hadi mlangoni. Lakini tuhesabu pia muda wa wale wanaorudia pepa, karo ya mwaka mzima ya mzazi anayeuza samaki ndiyo mtoto akae chuoni, na wale ambao hawarudi kabisa kama yule mwenzangu. Na watahini, kama mnasoma hii, tengeni maki moja ya mchoro kwa kila swali la pembe. Moja tu, na mtaona kila mtu anachora.

Mimi Jumatatu saa mbili asubuhi niko na wale walioandika −53.13°. Tutatoa madawati nje. Chaki nimenunua, uzi niko nao wa sentimita 24, na yule binti wa mchoro wa pembeni ndiye nimemwomba akanyage katikati.

Mwalimu wa hesabu za ufundi,
Kisumu